Kumwita Dema Mezani

Kengele ya mlango ililia saa sita mchana, nikajua si mtu wa kwetu, maana watu wangu wote huniita kutoka chini barabarani, "Maman Zaina," mpaka nusu ya mtaa wetu wa Saint-Josse inajua nimepata mgeni. Nilipofungua nilimkuta mwanamume mrefu, koti limelowa, mkononi kashika mfuko wa mchele na kipande cha jibini. Sikumtambua hata kidogo mpaka alipocheka kwa haya na kuziba mdomo kwa kiganja. Katika maisha yangu nimemjua mtu mmoja tu aliyecheka hivyo, naye ni Dema, ambaye nilifanya kazi nyumbani kwake kule Uccle, mtaa wa matajiri, mwaka mmoja tu, katikati ya miaka ya tisini. "Mimi ni Tomas," akasema kwa Kifaransa. "Ulikuwa ukinibeba mgongoni." Nikamwambia pita ndani baba, habari utanipa ukiwa umekaa.

Habari yenyewe ilikuwa ya msiba. Dema alishikwa na kiharusi, na katika wiki yake ya mwisho hospitalini Kifaransa chote kilimtoka. Alibaki na lugha ya kwao, Kichali, inayosemwa katika vijiji vichache vya milimani mashariki mwa Bhutan na si mahali pengine popote duniani. Alimsemesha mwanawe kwa lugha hiyo, maneno mengi, kwa utulivu, na Tomas kamshika mkono haelewi hata moja. Sasa amezikwa, na Tomas anataka kumfanyia mama yake desturi ya kwao. Kule, mtu akifa hulishwa kwa wiki saba. Husema roho bado haijajua kwamba imekufa, inazunguka nyumbani na ina njaa, basi kila mlo mtu wa nyumba huweka chakula na kumwita marehemu aje ale. "Naweka sahani kila siku," aliniambia. "Namwita kwa Kifaransa. Lakini mwishoni hakuwa anasikia Kifaransa, Zaina. Chakula kinapoa tu. Nilimpigia binamu yake aliye mji mkuu, akaniambia yeye amekulia mjini, anajua lugha ya taifa, Kichali hakijui. Baba alikwisha kufa. Wewe ulikuwepo. Alikuwa akiniitaje nikale?"

Nilifungua mdomo, patupu. Sentensi ile niliisikia kila mchana kwa miezi, nikawa naisema hata mimi, na sasa naitafuta siioni. Nikamwambia asubiri, ngoja kwanza tupike, wala sikumwambia kwamba nimeogopa. Nikaanza kuosha ule mchele wake huku nauvuta mwaka ule kwa nguvu, chumba kwa chumba.

Nilivyofika Ubelgiji sitasimulia. Kila mtu wa Bujumbura niliyemkuta hapa ana safari yake, na kwa ubaya zinafanana. Ninaanzia jikoni Uccle, jiko lenye vigae vyeusi na vyeupe, kubwa kuliko chumba nilicholala na wenzangu wawili. Ukutani zilining'inia sufuria za shaba za bibi yake Tomas mzaa baba, ambaye wote tulimwita Bonne-maman, na hakuna aliyeruhusiwa kuzipikia. Nyumba ilikuwa yake. Mwanawe Etienne alikwenda Bhutan kufundisha watu kulima viazi, watu ambao nadhani viazi walikuwa wakivijua tayari, akarudi na mke na mtoto mchanga. Mimi niliajiriwa nimwangalie mtoto na kusafisha. Siku ya kwanza Dema alinitazama, nikamtazama, kila mmoja na Kifaransa chake cha kuokoteza, akanipa pilipili mbichi niikate. Mie ni mtu wa Buyenzi, mtaa wa Waswahili wa Bujumbura, pilipili naijua, lakini kwetu pilipili ni kiungo. Kwa Dema pilipili ndiyo mboga yenyewe. Alizipasua katikati, sufuria nzima, akatia jibini, akamwagia juu ya wali, tukala huku machozi yanatutoka na makamasi yanatushuka, tukacheka, yeye mdomo kauziba kwa kiganja. Tangu siku ile nilikuwa nikimnunulia pilipili kwa Waturuki wa mtaani kwangu na kupanda nazo kwenye tramu.

Na kila mchana, chakula kikiwa tayari, alifungua mlango wa bustani. Alijifuta mikono kwenye aproni, mbele na nyuma, akaegemea fremu ya mlango kwa mkono mmoja, akaita. Ilikuwa sentensi moja fupi, yenye jina mwanzoni na mvuto mrefu mwishoni, na kabla mvuto haujaisha mtoto alikuwa ameshatoka chini ya ua wa miti, magoti meusi kwa udongo, anakimbia. Sitaiandika hapa. Sijui herufi zake, na nikiandika vibaya hakuna wa kunisahihisha. Yule mtoto alikuwa hasemi. Alikaribia miaka mitatu na hakuwa na neno hata moja, si la mama wala la baba, ila ukimwita hivyo alikuja, na ukimwambia jambo kwa lugha yoyote katika zile tatu zilizokuwa zikipita kichwani mwake, alilifanya.

Lugha ya tatu, ndiyo, ilikuwa Kiswahili. Nilimfunga mgongoni kwa khanga nikiwa napiga deki, na mtoto akiwa mgongoni utamwimbia kwa lugha gani kama si yako? Nilizungumza naye siku nzima, kaa, njoo, acha, weka chini hiyo, shika maji. Hakuna aliyenikataza. Nafikiri hawakujua kwamba ile ni lugha, walidhani ni sauti za kubembelezea. Jioni nilishuka tramu Saint-Josse nikakuta Kiswahili kinaningoja mlangoni, kwa Maman Béa, mama wa Bukavu aliyekuwa na saluni ya kusuka chini ya nyumba yetu. "Weye Zaina," alikuwa akinitania, "ule mutoto baba yake muzungu, mama yake sijui ni ya wapi, na weye unamuongezea Kiswahili? Bon, atakuwa ambassadeur." Wanawake waliokuwa wakisukwa walimcheka balozi huyo, mwingine akajibu kwa Kilingala, mwingine kwa Kifaransa, nami nikapanda ngazi nimeshiba maneno. Dema hakuwa na pa kushuka. Aliwahi kuniuliza kama ni kweli kwamba mtu akisema lugha yangu barabarani ananijibu mtu nisiyemjua. Nikamwambia ni kweli, na wakati mwingine ananijibu bila hata kuulizwa. Akatikisa kichwa. Kwao, alisema, ukivuka mto tu, watu wanakutazama.

Simu ilipigwa mwezi wa tano. Alipiga mtu wa kwao aliyeshuka mjini, na habari ilikuwa imechelewa, mama yake Dema alikuwa amekufa wiki kadhaa nyuma. Hakulia mbele yetu. Kesho yake alitoa bakuli la mbao lililotoka kwao, jekundu kwa ndani, akapakua wali na pilipili, akaliweka dirishani juu ya karo, akajifuta mikono, akaegemea fremu ya mlango na kuita. Ilikuwa sentensi ile ile aliyomwitia mtoto, jina tu ndilo lililobadilika, akaweka Ama, yaani mama. Nilisimama na ufagio wangu. Akanieleza desturi yao. Nikamwambia kwetu Waislamu maiti huombewa, halishwi.

"Mnamwombea kwa lugha gani?" akaniuliza.

"Kwa Kiarabu."

"Alikuwa akikijua?"

"Hapana. Lakini Mungu anakijua."

"Sisi hapo hatumwiti Mungu," akasema. "Tunamwita mama. Na mama anajua lugha moja."

Nikaendelea kufagia. Siku zikaenda. Kila mchana aliwaita wawili, kwanza mama yake, halafu mwanawe, na chakula cha marehemu baadaye tuliwatupia ndege bustanini. Nikazoea. Hata Dema akiwa ghorofani mimi ndiye niliyefungua mlango na kumwita mtoto kwa sentensi yake, naye akaja bila kushangaa kwamba ni mimi. Kumwitia mama wa watu sikuthubutu.

Bonne-maman hakuwa mtu mbaya, na hilo ndilo lililoniudhi zaidi. Alimfumia mjukuu soksi, alimkatia tunda vipande vidogo, alinisalimu kwa jina. Lakini aliingia jikoni akamkuta mkwewe anazungumza na dirisha, mbele ya mtoto asiyesema, na vitu hivyo viwili akavifunga kamba moja. Walimpeleka Tomas kwa daktari. Siku waliyorudi nilikuwa stoo ya chakula napanga chupa, mlango uko wazi, nikasikia yote. Daktari alisema masikio ya mtoto ni mazima, tatizo ni lugha nyingi mno, kichwa kimevurugika, na nyumba ichague moja. "Moja, Etienne," Bonne-maman alisema, "na hatutachagua ile inayosemwa na watu wasiojaa kanisa." Etienne alijaribu. Alisema ile ni lugha ya mama yake mtoto. Bonne-maman akamjibu kwa sauti ya chini kwamba yeye mwenyewe Etienne, mwenye mke, hakuijifunza, alijifunza ya serikali ya kule, basi huyu mdogo ataitumia na nani. Nikasikia Etienne anavuta kiti na kukaa. Mimi nilibaki na chupa ya siki mkononi.

Jioni ile walimweleza Dema mezani. Nilikuwa nikitoa vyombo. Nilitazamia atakataa, nilimwombea akatae, nikasema moyoni mwanamke huyu aliyekula sufuria za pilipili hatashindwa na bibi kizee wa Uccle. Akaziba mdomo kwa kiganja, akainamisha kichwa, akasema ndiyo. Kwao ndivyo mkwe anavyomjibu mkubwa wake, nami wakati ule sikulijua hilo. Mimi nilitoka jikoni na hasira, na yote nilimwelekezea yeye. Nilipomfokea kesho yake, akasema, "Wamesema mtoto ataumia. Wewe ungefanya nini?" Na mimi wakati ule sikuwa na mtoto.

Baada ya hapo nyumba ikawa kimya. Kifaransa cha Dema kilikuwa cha dukani, cha bei na cha hali ya hewa, hakikuwa na neno la kumfutia mtoto machozi. Akawa anamvika kimya, anamwogesha kimya. Mchana alifungua mlango akasema, "Tomas, viens manger," yaani njoo ule, na mtoto chini ya miti aliendelea kuchimba udongo wake, kwa sababu hakujua kwamba Tomas ndiye yeye, jina lile lilikuwa la baba na bibi, la jioni. Dema akaishia kupiga makofi. Bakuli la mama yake aliliweka siku chache tena, midomo ikicheza bila sauti, maana alikuwa ameahidi asiseme lugha ile mtoto akiwa karibu, na mtoto alikuwa karibu wakati wote. Nikamwambia nitamtoa Tomas nje wewe mwite mama yako kwa nafasi. Tulitoka, tukazunguka mtaa, tuliporudi bakuli lilikuwa limeoshwa na kufunikwa. "Sikuweza," alisema. Wiki saba hazijatimia, mama yake akaachwa huko njiani na njaa, na Dema aliliamini hilo kama ninavyoamini mimi kwamba jua litachwa. Nilimwona akikonda kwa ajili yake.

Majira ya majani makavu yalipofika, Tomas akasema. Tulikuwa sote jikoni, Bonne-maman kamkalisha mapajani, anamlisha supu ya liki, kijiko kimoja kwa ajili ya baba, kijiko kimoja kwa ajili ya mama. Mtoto akageuza uso akasema wazi kabisa, kwa lafudhi ya Buyenzi, "Sitaki."

Bonne-maman alifurahi mpaka akamwaga supu. Hakujua ni neno, alijua ni sauti, na sauti ilimtosha, akamwita Etienne kwa simu kazini. Mimi kwenye karo nilijivuna, siwezi kusema uongo. Katika nyumba ile ya sufuria za shaba neno la kwanza limekuwa la kwetu. Nikageuka nimkonyeze Dema. Alikuwa akicheka, kiganja mdomoni, kwa sababu neno sitaki alilijua vizuri, alilisikia kwangu kila siku. Halafu nikaona kiganja hakishuki. Mabega yalikuwa yakitikisika na kicheko kimekwisha zamani. Jioni, nikivaa koti, aliniambia taratibu, bila ubaya, "Lugha yako kubwa, Zaina. Inaingia hata pasipo kugonga. Yangu ilitoka, na mlango nimeishikia mimi." Nikamshika mkono. Nilipomsimulia Maman Béa, saluni nzima ilicheka. "Ah bon? Mutoto wa bazungu anasema sitaki? Donc Kiswahili imeshinda," akasema, kisha akaacha kusuka, kitana hewani. "Na mama yake, alisema nini?" Nikapanda zangu juu.

Mwaka mpya Etienne alipata kazi mbali, upande wa Ardennes, wakahama, na mimi nikatafuta kazi nyingine. Siku ya kuagana Dema alinipa lile bakuli la mbao. Nilikataa, nikamwambia hiki ni chombo cha mama yako. Akasema kule waendako halitapata kazi. Nimeliweka miaka hii yote juu ya kabati, limekaa limao, limekaa vifungo, limekaa funguo za nyumba nilizokwisha kuhama. Tulipigiana simu mara mbili tatu, kwa Kifaransa ambacho yeye alikuwa ameshakijua kuliko mimi, halafu tukaacha, kama watu wanavyoacha.

"Nilipokuwa mkubwa nilimwomba anifundishe," Tomas alisema, akipasua pilipili vibaya vibaya upande wa pili wa meza yangu. "Akasema ukishakatazwa kitu nawe ukakubali, mdomo unaona aibu kukirudia. Nikadhani hataki nijue." Nikamwambia hapana mwanangu, usilale na neno hilo. Nikamsimulia yote niliyoyaandika hapa, la daktari, la dirishani, la supu. Alicheka kwenye sitaki, akalia mahali pengine. Jibini ikayeyuka, jiko likajaa ule ukali wa zamani, wote wawili tukakohoa. Nililishusha bakuli, nikamwaga funguo, nikaliosha. Na sentensi bado siioni. Nilijaribu kuanzia mwanzo, nikajaribu kuanzia mwisho, zikanijia dua, zikanijia nyimbo za shule, zikanijia bei za samaki za Bujumbura.

Mwishowe nikaacha kuitafuta kwa kichwa. Nikapakua wali, nikajifuta mikono kwenye aproni, mbele na nyuma. Nikaenda kwenye mlango wa jiko, unaotazama korido si bustani, nikaegemea fremu kwa mkono mmoja. Ikatoka yenyewe, nzima, na mvuto wake mwishoni, kwa sauti ambayo si yangu, mpaka nikashtuka na kushika kifua.

Tomas alikuwa amesimama. "Rudia," akasema. Nikarudia. Akasikiliza, macho kayafumba. "Neno la kwanza," akauliza, "hilo Norbu, maana yake nini?"

"Hilo si neno, ni jina."

"La nani?"

Nikamtazama. Alikuwa na zaidi ya miaka thelathini, mvi zimeanza masikioni, na hakujua. "Lako," nikamwambia. "Alikupa bibi yako wa kule. Mama yako hakukuita jina jingine mpaka walipomkataza." Akakaa chini polepole, kisu cha pilipili bado mkononi, nami nikakichukua nikakiweka pembeni.

Tuliliondoa jina Norbu tukaweka Ama. Ilimchukua muda, ulimi wake ulikuwa ukiteleza kuelekea Kifaransa, na mimi mwalimu mwenyewe ninajua sentensi moja tu ya lugha nzima. Dada wa ghorofa ya juu aligonga sakafu. Nilisema moyoni ewe Mola unajua anayeitwa hapa ni nani na kwa nini, usinihesabie. Kisha nikasogea, nikamwachia mlango. Aliweka bakuli dirishani, juu ya paa za Saint-Josse na mvua yake, akarudi, akaegemea fremu, akamwita mama yake. Mara ya kwanza sauti ilikatika. Mara ya pili aliifikisha mwisho. Tukangoja, na wala sikuuliza tunangoja nini, mpaka mvuke juu ya wali ukaisha.

"Mara moja tu," akasema halafu, bila kunitazama, "niite mimi, kwa lile jina la kwanza. Nikiwa nje."

Akatoka mpaka mwisho wa korido, karibu na mlango wa ngazi, akanipa mgongo. Nikapakua sahani ya pili, nikajifuta mikono, nikaegemea fremu, nikamwita. Kabla sijamaliza ule mvuto alikuwa amekwisha kufika. Akaketi, akala.